Kitabu cha Mkono

"Vitabu alivishika kichwa chini miguu juu," 'Malipuo alisema pale bombani, ndoo yake ikifurika na yeye hana habari nayo. "Nimeambiwa na aliyekuwapo Hlotse siku ile ya maonyesho. Meza nzima imejaa vitabu, na 'Mapaballo anapita anafunua, anafunua, macho kwenye picha tu. Halafu ananusa! Mtu mzima ananusa kitabu kama mkate wa moto. Jamani, tulimtuma asiyejua kusoma akawachagulie watoto wetu vitabu."

"Mbona ana darasa la saba yule?" mwenzake mmoja alijaribu kumtetea.

"La saba la wapi, dada? La huko Semonkong, kwenye theluji na kondoo? Kondoo ndio waliompa cheti." Wakacheka, naye akapata nguvu. "Haya, niambieni ninyi wenyewe. Tangu aolewe hapa Ha Rantšo, yupo aliyewahi kumsikia anasema 'najua'? Hata siku moja? Muulize njia, muulize mvua, muulize jina la mbwa wake. 'Nimeshika.' 'Nimeona.' 'Huenda.' Mtu anayejua kitu husema anajua, basi."

Yule wa kumtetea akaacha kubisha, maana hilo la mwisho lilikuwa kweli. Bibi yeyote wa kijiji angeweza kuwaeleza sababu, lakini mabibi hawachoti maji asubuhi yenye barafu. Na hawa wake wadogo, wengi wao wamekulia kwenye miji ya migodi ng'ambo ya mto kama 'Malipuo mwenyewe, mambo hayo walishayasahau au hawakuyakuta kabisa.

'Mapaballo alikuwa nyuma ya ukuta wa mawe wa zizi, ndoo mkononi, mtoto mchanga mgongoni chini ya blanketi. Alisikia yote. Aligeuka akarudi na ndoo tupu, polepole ili mtoto asishtuke, na uso ulikuwa ukimwaka ingawa majani ya njiani yalikuwa bado meupe kwa umande ulioganda. Kusingiziwa hakukumchoma sana. Kilichomchoma ni kwamba kosa walilomsingizia lilikuwa dogo. Yeye alikuwa na lake, kubwa kuliko hilo, na alidhani hakuna aliyeligundua.

Alikuja Ha Rantšo akiwa binti, akavikwa blanketi la bibi harusi na kupewa jina, 'Mapaballo, mama wa Paballo, kabla hata Paballo hajawa tumboni. Siku ile ile mama mkwe wake, marehemu sasa, alimkalisha jikoni akamwambia kwa sauti ya chini, "Mwanangu, humu ndani kuna jina moja lisilotoka kinywani mwako. Hilo na watoto wake." Jina lenyewe lilikuwa la baba mkwe, Ntate Tsebo, yaani Mzee Tsebo. Na katika Kisotho tsebo ni ujuzi, na tseba ni kujua. Kujua kwenyewe ni mtoto wa jina hilo, na kujuana, na kujulisha, na sijui pia. Vyote hivyo 'Mapaballo akaviacha nje ya ua.

Mwanzoni aliteleza. Mara moja aliulizwa mbele ya mzee kuku wamelala wapi, akajibu "sijui", mama mkwe akamtuma akasukutue mdomo kwa maji baridi, na wote watatu wakacheka mpaka machozi. Baada ya hapo hakuteleza tena. Mdomo ulizoea kama mguu unavyozoea kuruka jiwe lile lile la njiani. Mzee mwenyewe hakuwa mkali. Mama mkwe alipokwisha kuzikwa, alimwambia mkamwana wake siku moja akipita na fimbo yake, "Mtoto wangu, mimi si chifu. Ukibanwa, litaje tu, halitakuuma." 'Mapaballo aliinamisha kichwa, akajifunika bega kwa shali, akasema, "Nimesikia, ntate." Na hakulitaja.

Mume wake alikuwa ng'ambo kwenye mashamba ya Free State, huja na kuondoka. Yeye alilima bustani yake ya moroho, mboga za majani, akalea, na kila mwaka kabla ya Krismasi aliusiliba upya ukuta wa nyumba kwa udongo na samadi, halafu akauchora ungali mbichi, kwa vidole na kwa uma wa jikoni. Mistari yake ilikwenda ikikutana kama mashamba yaliyolimwa ukiyatazama kutoka mlimani. Watu wa kwenda dukani walipunguza mwendo wakifika pale. Hata 'Malipuo alikuwa akisimama, akisingizia kufunga viatu.

Ndiyo maana Mwalimu Mkuu, mama aliyeitwa 'M'e Phakisi, alimtaja yeye. Kanisa lilikuwa limeahidi kuipatia shule vitabu vya aina mbili, vya sanaa na vya elimu ya jumla, na wazazi walitakiwa kumtoa mmoja wao akasaidie kuchagua. "Mimi sanaa yangu iliishia kuchora nyumba yenye moshi," 'M'e Phakisi aliwaambia wazazi, wakacheka. "Mpelekeni anayeshika udongo." Ntate Tsebo alikuwa wa kwanza kuinua mkono kukubali, akasahau kuushusha.

Huko Hlotse vitabu vilikuwa vimepangwa kwenye meza za ukumbi wa parokia, na muuzaji, Ntate Kabi, mtu wa Maseru mwenye tai fupi, alikuwa akizunguka na kuvinyoosha kila mtu alipovisogeza. 'M'e Phakisi aliitwa nje na simu ya ofisi ya elimu, simu isiyoisha, na 'Mapaballo akabaki peke yake na meza.

Kitabu cha elimu ya jumla alikipata upesi. Kiliitwa Botsa Hape, uliza tena, nacho kilikuwa kimejaa maswali ambayo Paballo humuuliza yeye anaposonga papa, ule ugali wa kwao: kwa nini mvua ya mawe huja wakati wa joto, kwa nini maziwa huganda, jino likitoka kwa nini jingine halina haraka. Alisoma ukurasa mzima amesimama, akatabasamu peke yake, akakiweka kando.

Vya sanaa ndivyo vilivyomchelewesha. Alifunua kimoja, alifunua kingine, na katika vyote watoto wa kwenye picha walikuwa na mikono misafi. Walikaa mezani, nguo zimepigwa pasi, wanachora maua kwa kalamu za rangi ambazo shule ya Ha Rantšo haikuwahi kuziona. Ni vitabu vizuri, alijiambia, lakini mtoto atavisoma leo na kesho hana la kufanya. Halafu, chini kabisa ya rundo, akaona jalada lenye mtoto wa kiume aliyepakaa udongo hadi viwikoni, anacheka, pengo linaonekana. Ndani kilionyesha jinsi ya kuchuja udongo wa mtoni, jinsi ya kupata rangi nyekundu kwenye mwamba na nyeusi kwenye masizi, jinsi ya kuanza kofia ya majani. Na katika ukurasa mmoja palikuwa na ukuta. Haukuwa wake, ulikuwa wa mtu wa mbali, lakini mistari ilikwenda kama anavyoipeleka yeye, na chini yake, kwa Kisotho chepesi alichokisoma bila kukwama, pameandikwa kwamba kazi hii ni ya mama zetu na kwamba kila mtoto anaweza kuianza kwa kidole kimoja.

Hapo ndipo alipokinusa. Kilinuka gundi mpya. Alitaka kuona Paballo atakutana na nini atakapokifungua.

Jina lilikuwa juu ya jalada kwa herufi nene nyekundu: Tsebo ea Letsoho. Ujuzi wa mkono. Alilisoma kwa macho. Midomo ilibaki imefungwa.

"Umekipenda hicho, 'm'e?" Ntate Kabi alimuuliza.

"Nimekipenda hiki na kile cha maswali."

"Kizuri. Ila mimi siandiki kwa picha wala kwa kidole, maana hivi vya mezani ni vya kuonyesha tu, kesho viko Butha-Buthe. Ghala liko Maseru na ghala linataka jina. Na oda huandikwa wazazi wote wakisikia, kwa hiyo nitawapigia kwenye mkutano wenu, mtanitajia."

"Nimeshika, ntate," alisema 'Mapaballo. Njia nzima ya kurudi alikuwa na furaha, hakufikiri kabisa kwamba jina ni kitu cha kutamkwa.

Siku ya mkutano darasa lilijaa. Wanaume walikaa upande wao na mablanketi yao, na mbele kabisa, kofia magotini, Ntate Tsebo. 'M'e Phakisi aliiweka simu mezani, akafungua sauti ili wote wasikie, na Ntate Kabi akasikika kana kwamba yuko ndani ya kopo.

"Mchaguzi ni 'M'e 'Mapaballo," alisema 'M'e Phakisi. "Mimi sikuviona vizuri, nilikuwa nje na simu. Atavitaja mwenyewe."

'Mapaballo alisimama. Cha kwanza alikitaja vizuri, "Botsa Hape, ntate," na watu wakanong'ona kwa kuridhika. Halafu akafungua mdomo kwa ajili ya cha pili, na mbele yake palikuwa na kofia ile, na mikono ya mzee juu ya kofia.

Mdomo ulirudi ukajifunga wenyewe.

"Na cha sanaa, 'm'e?" Simu ilikoroma. "Hicho cha sanaa kinaitwaje?"

Alivuta shali likafika mdomoni. "Ni kile... cha mkono, ntate."

"Cha mkono? Vipo vingi vya mkono. Cha mwandiko wa mkono?"

Alisikia. Hili ndilo alilolibeba baadaye, usiku na mchana: alisikia vizuri. Simu ilikuwa ikikoroma, lakini neno mwandiko lilimfikia zima, halikukatika hata kidogo. Angeweza kusema hapana. Angeweza kusema, mwalimu, nisaidie. Lakini darasa zima lilikuwa likimtazama, mtoto mgongoni alianza kulia, na alichotaka kuliko kitu chochote duniani ni kukaa chini.

"Hicho hicho, ntate," akasema, akakaa.

Wazazi wakapiga makofi.

Maboksi yalipofika, 'M'e Phakisi alifungua moja mbele ya darasa la tano na kutoa vitabu vyembamba vyenye mistari, kila ukurasa herufi moja ya kufuatiliza kwa nukta, a nyingi, b nyingi. Watoto wakubwa wale, wanaoandika barua za nyumbani, walivishika wakatazamana. Mmoja akauliza kama sanaa ni kuchora herufi a. Wakacheka darasa zima, na Paballo alicheka nao mpaka alipokumbuka nani aliyevichagua.

'M'e Phakisi hakugomba, na ingekuwa nafuu kama angegomba. Alimwita 'Mapaballo ofisini, akamwonyesha boksi lililofunguliwa na mengine yaliyofungwa. "Nilikuwa nimewaahidi watoto udongo," alisema tu. Kisha akamwambia kwamba Ntate Kabi atapita tena Hlotse Alhamisi, na maboksi yasiyofunguliwa yanaweza kubadilishwa, lakini siku hiyo tu, maana baada ya hapo kanisa linafunga hesabu zake za mwaka na nafasi nyingine haipo. "Nitapakia maboksi kwenye gari la parokia. Lakini utakwenda wewe, 'm'e, uliyekiona. Na umtajie kwa jina lake, si 'hicho hicho'."

"Nimeshika," alisema 'Mapaballo, na kwa mara ya kwanza neno hilo lenyewe lilimtia haya. Hakueleza kitu. Aeleze nini? Kwamba jina la mzee lilimzuia, wakati mzee mwenyewe alishamfungulia? Ingekuwa kumtupia lawama mtu asiye na kosa. Na ile "hicho hicho" haikuwa ya mila yoyote. Ile ilikuwa yake.

Usiku huo alijaribu kuliandika, kwenye kipande cha mfuko wa unga. Aliandika T, akaandika s. Alipofika mwisho aliona ni kama amesimama katikati ya ua anamwita mzee kwa sauti kama anayeita mbwa. Akakitia kwenye moto.

Basi hiyo ndiyo hali aliyokuwa nayo asubuhi ile aliporudi kutoka bombani na ndoo tupu, na ilikuwa Jumatano.

Maneno ya 'Malipuo yalifika nyumbani mchana ule ule. Yaliletwa na Paballo kutoka shule, pamoja na mkoba wake. Alimkuta mama yake akichambua moroho mlangoni, mzee akiota jua kwenye benchi lake pembeni ya ukuta, macho amefumba.

"Mama, ni kweli hujui kusoma?"

"Nani kasema?"

"Lipuo. Amesikia kwa mama yake. Amesema ulishika vitabu juu chini."

"Mimi ndiye niliyekufundisha a wewe, Paballo. Umesahau?"

"Herufi tu ulinifundisha. Lipuo anasema herufi hata mbuzi anaweza." Mtoto alikuwa amekunja uso, analinda machozi. "Sema basi. Sema, 'Najua kusoma.' Ili nimwambie umesema."

"Nasoma, mwanangu. Nasoma vizuri."

"Sio hivyo. Sema 'najua'."

'Mapaballo alitazama mikono yake iliyojaa rangi ya majani. Benchi lilikuwa hatua chache tu kutoka pale, na mzee alikuwa ametulia mno kwa mtu aliyelala.

"Kusoma nimekushika sana," alisema.

Paballo aliutundika mkoba kwenye msumari wake, taratibu, kama mtu mzima aliyeamua kutouliza tena, akaingia ndani. 'Mapaballo aliendelea kuchambua. Majani mazima yalikwenda kwa kuku na vijiti vikaingia sufuriani, na hakuona.

Mzee alikohoa kile kikohozi chake cha kutangaza kwamba anakuja, tofauti na kile cha kifua alichokitoa mgodini. 'Mapaballo akajivuta shali mabegani akasogea pembeni.

"Kaa, mtoto wangu, kaa," alisema Ntate Tsebo, akabaki amesimama mbali kidogo, amegeukia milima ili asimtazame. "Nilikuwa macho."

'Mapaballo aliinamia moroho wake.

"Na siku ya mkutano pia nilikuwa macho. Nilikuona ukivuta shali mdomoni. Mimi na shali hilo tumeishi nyumba moja miaka hii yote, nalisoma kama saa. Nikajua, hapo pana jina langu." Alichimba ardhi kwa ncha ya fimbo. "Ningesimama nikasema, kitabu kinaitwa mimi, mwandikie. Ni neno la kupumua mara moja. Unajua kwa nini sikusimama?"

"Nisaidie, ntate."

"Nilifurahi." Sauti yake ilishuka. "Darasa zima, na chifu mdogo yupo, na wale wenye wakwe wanaowaita 'wewe mzee'. Na mimi mkamwana wangu analificha jina langu mbele ya watu. Nilikaa pale nimevimba kama bwana harusi. Simu ikakosea, wewe ukakosea, na mimi nikavimba. Sasa mjukuu wangu anaona mama yake hajui kusoma."

'Mapaballo alifunika uso kwa mikono yenye majani. Hakuwahi kumsikia mzee akisema neno la kujikosoa, na kulisikia kulimtia haya zaidi ya yote aliyoyasikia siku ile, kama mtu aliyemfumania mkubwa wake akibadilisha nguo.

"Nilisikia neno mwandiko, ntate," alisema kutoka ndani ya viganja. "Nililisikia vizuri. Nikamwambia ndiyo."

Kuku waligombea majani.

"Basi tumekaa wawili," alisema mzee. "Jaribu sasa. Mimi hapa, mwenyewe. Litaje."

Alijaribu. Kwa haki kabisa alijaribu. Aliweka ulimi nyuma ya meno, akavuta pumzi, na mbele yake akamwona marehemu jikoni amekaa kwenye kigoda, anamwambia kwa sauti ya chini, hilo na watoto wake. Pumzi ikatoka tupu.

"Haya," alisema mzee kwa upole. "Kesho nakwenda mimi na gari la parokia."

"Hapana, ntate! Kifua chako, na barafu hii." Halafu, kwa kuwa alikuwa amekwisha kusema mengi, akamalizia. "Na nikikutuma wewe ukajitaje mwenyewe mbele ya yule mwenye tai, nitakuwa nimekutaja mara mbili."

Ntate Tsebo aliwaza hilo. Aliona lina ukweli, maana mtu mzima hatembei akijitangaza jina. Akacheka kidogo, akakohoa kikohozi cha mgodini, na alipokwisha kukohoa alifuta mdomo akasema, "Basi tafuta mdomo mwingine. Hapa kijijini midomo haijapata kutuadimikia."

Alimaanisha yeyote. Mwalimu, padri, mtu yeyote apitaye. Lakini 'Mapaballo, akiwa ameinama kuokota majani kutoka kwa kuku, alijua ni mdomo gani. Kulikuwa na mmoja tu Ha Rantšo ambao haukuogopa kutamka kitu, ambao humwamkia mzee kila asubuhi kutoka ng'ambo ya barabara kwa jina lake wazi, mpaka 'Mapaballo hulazimika kugeuka pembeni kama aliyepigwa na upepo. Na mwalimu angeambiwa angesaidia kwa huruma. Huruma hiyo ingeuzima uvumi mbele ya 'Mapaballo tu, na nyuma yake ungeendelea bombani, na Paballo angeendelea kuubeba na mkoba.

Alinawa mikono. Alimfunga mtoto mgongoni, akabadilisha shali. Kisha akalirudisha lile la zamani, asije akaonekana anakwenda kugombana.

'Malipuo alikuwa uani kwake akikung'uta mikeka. Alipomwona akasimama na mkeka umeinuliwa kati yao kama ngao.

"Heee, 'M'e 'Mapaballo. Leo umepotea njia?"

"Sijapotea, 'm'e. Nimekuja kwako."

"Kama ni yale maneno ya bombani, mimi si peke yangu niliyesema, nakwambia mapema. Watu wanasema. Mimi nimeyarudia tu."

"Niliyasikia. Nilikuwa nyuma ya zizi."

Mkeka ulishuka. 'Malipuo hakuwa mwanamke mbaya, na uso wake ulibadilika rangi vizuri tu kama wa mtu yeyote. "Sasa si ungekohoa?" alisema kwa hasira ya aibu. "Mtu husikiliza hivyo hivyo, kimya, kama paka?"

"Vitabu sikuvishika juu chini," alisema 'Mapaballo. "Lakini vile vya mwandiko ni mimi niliyevileta. Simu iliniuliza kama ni vya mwandiko, nikasikia, nikasema ndiyo, ili nikae chini. Hilo waweza kulisema bombani kesho, ni la kweli." Alimpapasa mtoto mgongoni. "Nilishindwa kutamka jina la kitabu nilichokichagua. Ni jina la ndani kwetu. La mzee."

"Mzee gani? Ntate Tse..." 'Malipuo alijishika mdomo. Ilikuwa mara ya kwanza 'Mapaballo kumwona akifanya hivyo. Macho yalimzunguka, yakaenda mbali, kwa bibi yake labda, aliyekuwa akizungumza kwa kuzunguka zunguka mpaka wajukuu wa mjini wakamcheka. "Ooo," alisema. Na baada ya muda, polepole zaidi, "Ooo. Kwa hiyo ndiyo maana husemi... Miaka yote hii. Hata mbwa nilipokuuliza jina lake."

"Anaitwa Tsebang. Jina alipewa na mume wangu," alitaka kusema 'Mapaballo, na hilo nalo, mtoto mwingine wa jina la mzee, lilikuwa haliwezekani, akaishia kutabasamu kwa shida. 'Malipuo akaona, akaelewa lilivyo jina la mbwa, akaanza kucheka, akakatisha cheko katikati. Alikaa chini kwenye mkeka wenye vumbi, mikono katikati ya magoti.

"Nimekusema vibaya, dada," alisema akitazama chini. "Mbele ya watu wote."

"Umenisema. Na mwanangu kaleta nyumbani." 'Mapaballo alimrusha mtoto mgongoni akae vizuri. Yaliyobaki yalikuwa magumu kuliko yote, kwa sababu aliyekuwa akiombwa ni huyu. "Kesho gari la parokia linakwenda Hlotse na maboksi. Ni kesho tu. Twende pamoja, 'm'e. Mimi nitasimama kando yako, na yule mwenye tai akiuliza, wewe utamjibu. Jina ni lile unalomwitia mzee wetu ukiwa ng'ambo ya barabara. Halafu unaongeza, ea Letsoho. Sema kwa nguvu kama unavyomwamkia, simu isije ikakoroma tena."

"Nitalisema mpaka Maseru walisikie bila simu," alisema 'Malipuo. "Ni hilo tu?"

'Mapaballo alisogea karibu. Aligeuza kichwa aangalie upande wa pili, kama anavyofanya kila asubuhi, ila safari hii hakuvuta shali masikioni.

"Liseme na hapa kwanza," alimwomba. "Lote, mwanzo hadi mwisho. Nilikichagua mwenyewe, na sijawahi kulisikia."